Njia nne za kumkumbuka mtoto aliyeuawa nyumbani kwao: ipi inakufaa kabla hujawasha kamera

Anayetaka kutengeneza dokumentari kuhusu mtoto aliyeuawa na mzazi, mlezi au mpenzi wa mzazi kwa kawaida huwa na kitu kimoja na kukosa kingine. Ana nakala ya hukumu lakini hana picha hata moja ya mtoto akicheka. Au ana simu ya shangazi iliyojaa video za sikukuu, lakini rufaa bado haijasikilizwa. Basi umbo la filamu linaamuliwa na kilichopo mezani, na matokeo yake tunayajua: muuaji anaongea nusu saa, wataalamu wanamchambua, halafu mtoto anabaki picha ile ile moja ya sare ya shule inayorudi kila baada ya dakika tano.

Zipo njia nyingine. Tunalinganisha nne, kila moja ikiwa na kazi au kesi inayojulikana ya kupimia: barua ya mtu wa karibu, mfululizo wa uchunguzi wa kesi, filamu ya kumbukumbu tupu isiyo na msimulizi, na simulizi ya mtoto ambaye jina lake limefichwa. Mifano ni ya Marekani, Kanada na Uingereza, kwa sababu hizo ndizo kazi ambazo watengenezaji wetu wa YouTube na wa televisheni wanaziiga, wakati mwingine shoti kwa shoti. Majina ya wauaji hayamo humu. Yako kwenye hukumu, na anayeyahitaji atayapata.

Tunapima nini

Kwanza, nani anasema. Mtoto mwenyewe hayupo, kwa hiyo anayemsemea ama alimjua au alimsoma kwenye faili. Pili, mtoto anaonekanaje akiwa hai: alipenda nini, aliitwaje nyumbani, alikuwa na sauti gani. Tatu, maumivu yake na muuaji wake wanapewa nafasi kiasi gani. Nne, nini kinawapata waliobaki, hasa ndugu wa mtoto waliokuwa chini ya paa moja naye. Tano, unahitaji nini mkononi na kazi huharibikia wapi.

Kipimo cha tatu hakitaki maoni, kinataka saa. Chukua rasimu ya kwanza ya uhariri, chora safu tatu kwenye karatasi: mtoto akiwa hai, mateso na kifo, muuaji. Kila shoti, kila picha mnato, kila sentensi ya msimulizi iingie kwenye safu yake kwa sekunde. Zoezi hili huchukua takriban mara mbili ya urefu wa filamu, na huwa linamwaibisha mhariri. Kama safu ya muuaji imeizidi ya kwanza mara mbili au zaidi, umetengeneza filamu ya muuaji, hata kama jina la mtoto ndilo lililoandikwa kwenye jalada.

Jina nalo lina uzito wake. Victoria Climbié, binti wa miaka 8 kutoka Ivory Coast, alifariki London mwezi Februari 2000 baada ya kuteswa na shangazi ya baba yake aliyepewa amlee, pamoja na mpenzi wa mwanamke huyo. Alikuwa ameingizwa Ulaya kwa pasipoti ya mtoto mwingine, na mpaka anakufa, maofisa na wauguzi wa Uingereza walikuwa wakimwita Anna. Tume ya uchunguzi ya Lord Laming, iliyotoa ripoti yake Januari 2003 ikiwa na mapendekezo 108, ilimtaja kwa jina lake halisi. Kwetu, ambako kumpeleka mtoto akalelewe na ndugu wa mjini au wa ughaibuni ni jambo la kila siku, hilo si la kupita haraka: uliza jina alilopewa na wazazi, jina la shuleni na jina la nyumbani, na usikubali lile lililoandikwa na polisi mpaka watu watatu wamelithibitisha.

Njia ya kwanza: barua ya mtu wa karibu

Mfano wake ni *Dear Zachary*, filamu ya mwaka 2008 ya Kurt Kuenne. Rafiki yake wa tangu utotoni, daktari kijana Andrew Bagby, aliuawa Pennsylvania Novemba 2001. Mwanamke aliyeshukiwa alikimbilia Newfoundland, Kanada, na ikajulikana ana mimba ya Andrew. Kuenne, aliyekuwa ameshaanza kukusanya video za zamani na mahojiano ya kumkumbuka rafiki yake, akaigeuza kazi hiyo kuwa barua ili mtoto atakayezaliwa amjue baba yake. Zachary alizaliwa Julai 2002. Agosti 2003, mama yake akiwa nje kwa dhamana huku akisubiri kurudishwa Marekani kushtakiwa, aliingia naye baharini na wote wawili wakafa. Mtoto alikuwa na miezi 13. Barua ikakosa mwenyewe.

*Anayesema.* Mtu wa ndani, na haoni haya kusema kwamba yuko upande mmoja. Hiyo ndiyo nguvu ya njia hii. Mtazamaji hadanganywi kuwa anasikiliza hakimu.

*Mtoto akiwa hai.* Hapa ndipo pana ugumu, maana mtoto wa miezi 13 hana maneno wala daftari la shule, na marafiki wa kumsimulia hana. Filamu inalitatua kwa kuwapiga picha waliomzunguka: babu na bibi waliohama kutoka California kwenda kuishi karibu naye, namna wanavyombeba, namna anavyowatambua. Ukiwa na mtoto mdogo hivyo, usimtafute yeye peke yake kwenye kanda. Tafuta mikono iliyomshika.

*Maumivu na muuaji.* Kifo hakiigizwi. Muuaji anatajwa kwa hasira, na uhariri wa kasi unaibeba hasira hiyo hadi mahali ambapo baadhi ya watazamaji wanachoka. Jambo moja tusingeshauri liigwe: filamu inaificha habari ya kifo cha Zachary mpaka imeshakwenda mbali, mtazamaji aipokee kama walivyoipokea wao. Kuenne alikuwa na haki hiyo kwa sababu yalimkuta hivyo hivyo. Mtu wa nje akifanya hivyo na mtoto wa wenyewe, anakuwa ametumia msiba wa watu kama mtego.

*Waliobaki.* Walipata chombo cha kushika. Uchunguzi rasmi wa jimbo uliotolewa 2006 ulisema kifo cha Zachary kingeweza kuzuiwa. Babu na bibi waliendelea kudai mabadiliko, na Desemba 2010 Kanada ilibadilisha sheria ya dhamana ili usalama wa walio chini ya miaka 18 uwe sababu ya wazi ya kumnyima mtu dhamana. Faida ya filamu ilielekezwa kwenye ufadhili wa masomo kwa majina ya baba na mtoto.

*Unachohitaji.* Si vifaa vya gharama. Unahitaji mtu aliyemjua mtoto, na nyaraka za familia zilizochukuliwa kwa uangalifu. Hapa wengi huharibu mapema. Picha zilizotumwa kwa WhatsApp zimeshabanwa. Ukizikuza kwenye skrini kubwa uso unageuka ukungu. Omba faili zitumwe kama nyaraka badala ya picha, au nenda na kebo na diski. Picha za karatasi za ukubwa wa kawaida ziskani kwa dpi 600, humo humo ndani ya nyumba. Albamu ya pekee isitoke mlangoni. Kama huna skana, piga kwa kamera iliyo juu ya meza, picha ikiwa karibu na dirisha lakini isipigwe na jua, bila flashi. Nyuma ya kila picha mara nyingi kuna maandishi ya kalamu: tarehe, mahali, utani. Piga na huko. Maandishi ya mkono wa mama au bibi nyuma ya picha hubeba zaidi ya dakika kumi za mahojiano.

*Inapoharibikia.* Hakuna wa kusema "kata". Anayeomboleza haoni kipi kinarudiwa, na anaweza kumtuhumu mtu kwa jambo ambalo mahakama haikulithibitisha. Dawa ni mbili: mhariri asiyeijua familia, na mwanasheria asome hati ya maneno yote kabla ya sauti kuchanganywa.

*Inamfaa nani.* Ndugu, rafiki, mwalimu wa darasa, jirani aliyemlea. Haimfai mwandishi wa nje, hata akiwa na huruma namna gani. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake, na mtazamaji huliona hilo kwenye sauti.

Njia ya pili: mfululizo wa uchunguzi wa kesi

*The Trials of Gabriel Fernandez*, vipindi sita vya Brian Knappenberger vilivyotoka Netflix Februari 2020. Gabriel alikuwa na miaka 8, Palmdale, California, alipofariki Mei 2013 baada ya miezi ya kuteswa na mama yake na mpenzi wa mama. Mpenzi huyo alihukumiwa kifo mwaka 2018. Mama alipewa kifungo cha maisha bila msamaha. Maofisa wanne wa ustawi wa jamii walishtakiwa 2016, na mashtaka yao yakafutwa 2020 bila kutiwa hatiani. Sehemu hii ya mwisho lazima itajwe kila mara habari yao inapotajwa.

*Anayesema.* Wengi: mwendesha mashtaka, mwandishi wa gazeti, wajumbe wa baraza la mahakama, mwalimu, ndugu. Sauti nyingi zinalinda ukweli, kwa sababu mmoja akipotoka mwingine anamrudisha. Lakini mtoto anaweza kupotea katikati yao, kila mmoja akisimulia alivyoumia yeye.

*Mtoto akiwa hai.* Gabriel kabla ya kurudishwa kwa mama yake alilelewa na ndugu mmoja wa familia na mwenzi wake, kisha na babu na bibi. Sehemu hizo ndizo zinazomfanya awe mtu. Ni chache ukilinganisha na saa za mahakamani, na huo ni udhaifu wa njia yenyewe, maana faili la kesi huanza siku madhara yalipoanza na haliujui mwaka wa furaha. Anayefuata njia hii atenge kipindi kizima, au robo ya kwanza kama ni filamu moja, kabla jina la muuaji halijasikika.

*Maumivu na muuaji.* Hapa panahitaji maelezo marefu kidogo, kwa sababu hapa ndipo dokumentari nyingi huanguka. Mahakama hulazimika kuorodhesha majeraha yote. Filamu haina lazima hiyo. Baadhi ya watazamaji wa mfululizo huu waliushindwa wasiumalize kwa wingi wa maelezo ya uchunguzi wa maiti. Kuficha kila kitu nako ni kosa, kwani kunawasaidia waliopaswa kuona na hawakuona. Kanuni inayofanya kazi ni kwamba kila jeraha linalotajwa lifungwe na mtu aliyeliona na alichofanya. Mwalimu wa Gabriel aliona alama, akapiga simu, akapiga tena. Katika mtiririko huo jeraha ni ushahidi wa wito ambao haukuitikiwa, na mtazamaji anatoka akiuliza kuhusu simu. Jeraha likisimama peke yake, likirudiwa na muziki wa kutisha chini yake, ni maonyesho tu. Lisilo na shahidi wala mtu wa kulijibu, likate. Picha za mwili zisitumike kabisa. Mchoro wa tarehe za simu zilizopigwa na majibu yaliyotolewa huonyesha zaidi.

*Waliobaki.* Ndugu zake Gabriel walitoa ushahidi mahakamani wakiwa bado watoto. Sauti ya mtoto kizimbani ni rekodi ya umma katika nchi nyingine, lakini kuwa halali kuichukua hakumaanishi kwamba yeye, akiwa na miaka 25 na anatafuta kazi, atapenda isikike. Ukiitumia, mjumbe wa familia aambiwe mapema, na uso usionekane.

*Unachohitaji.* Nyaraka zilizothibitishwa, muda, na pesa za mwanasheria. Kwa Afrika Mashariki, hukumu nyingi zinasomeka bure kwenye tovuti za Kenya Law na TanzLII; anzia hapo kabla ya kumsumbua mtu yeyote. Soma hukumu ya rufaa pia, kwa sababu mara nyingi huko ndiko ukweli wa mahakama ya chini hubadilika: kosa la kuua kwa kukusudia linashuka kuwa la kuua bila kukusudia, au mshtakiwa anaachiwa. Kesi ikiwa bado inaendelea, subiri. Kipindi kinachomwita mshtakiwa "muuaji" kabla ya hukumu kinaweza kumpa wakili wake hoja ya kuzungumza na hakimu.

*Inapoharibikia.* Vipindi vinaongezwa bila sababu. Habari iliyotosha saa mbili inavutwa kuwa sita, na pengo linajazwa na maisha ya muuaji.

*Inamfaa nani.* Mwandishi wa uchunguzi, kituo cha televisheni chenye dawati la sheria, shirika la watoto linalotaka kuonyesha mfumo ulivyoshindwa mahali mahsusi. Kama lengo lako ni kwamba mtaa umkumbuke mtoto kwa upendo, njia hii ni nzito mno kwa kazi hiyo.

Njia ya tatu: kumbukumbu tupu, bila msimulizi

*American Murder: The Family Next Door* ya Jenny Popplewell, Septemba 2020. Shanann Watts, aliyekuwa mjamzito, na binti zake Bella, miaka 4, na Celeste, miaka 3, waliuawa Colorado Agosti 2018 na mume wake, baba wa watoto. Filamu nzima imeshonwa kwa vitu vilivyokuwepo tayari: video za Facebook, ujumbe wa simu, kamera za polisi, kamera ya jirani, rekodi za chumba cha mahojiano. Hakuna aliyeketishwa mbele ya taa akaulizwa.

*Anayesema.* Mama, kwa video na maneno yake mwenyewe. Aliyeuawa anasikika, jambo ambalo njia nyingine hupata kwa shida.

*Mtoto akiwa hai.* Ndiyo njia inayowapa watoto uhai mwingi kuliko zote. Wanakimbia, wanakula, wanabishana na kamera. Wana sauti. Anayewaona kwa dakika tano hawezi tena kuwaita "watoto wawili wa marehemu".

*Maumivu na muuaji.* Hakuna maigizo, hakuna mwili. Lakini kumbukumbu za familia humjumuisha baba pia: akicheka, akicheza, akibeba watoto. Uso mzuri wa muuaji unarudi mara kwa mara, na rekodi za polisi zinampa muda mrefu wa kujieleza. Hakukuwa na kesi ya kusikiliza mashahidi, kwa sababu alikiri makosa mahakamani Novemba mwaka huo huo, na maneno yake kwa polisi yakawa ndiyo masimulizi makuu ya saa za mwisho. Ukishona kwa njia hii, ungamo lipunguze hadi lile tu linalothibitishwa na kitu kingine: gari lililoonekana, simu iliyozimwa, muda uliosajiliwa. Sababu anazozitoa mwenyewe ziache.

*Waliobaki.* Familia ya mama ilikwisha kulalamika hadharani mwaka 2019 kuhusu watu wa mtandaoni waliokuwa wakimtukana marehemu na kuwasumbua wao. Maisha yakiwekwa wazi namna hii, kila mtazamaji anajifanya hakimu: alimsema mumewe hivi, alijipiga picha vile. Kabla ya kutoa filamu, kaeni na familia mkubaliane maoni yatafungwa au yatasimamiwa na nani, saa ngapi kwa siku, kwa wiki ngapi. Wiki mbili za kwanza ndizo mbaya.

*Unachohitaji.* Wingi wa kanda na haki ya kuzitumia. Aliyepiga ndiye mwenye haki mara nyingi, na kama ni marehemu, haki hiyo inapita kwa warithi, ambao sheria inaweza kumhesabu hata mume aliyeua mpaka mahakama imwondoe. Kuona video kwenye ukurasa ulio wazi hakukupi ruhusa. Kiufundi, video za simu huja na kasi tofauti za fremu. Zibadilishe zote kuwa moja kabla ya kuanza kuhariri, la sivyo sauti itaachana na midomo dakika ya 20 na hutajua imetokea wapi. Video ya wima iache wima kama ilivyokuwa. Usikuze video ya wima kujaza skrini, utamkata mtoto kichwa.

*Inapoharibikia.* Kimya cha msimulizi kinafanana na ukweli mtupu, lakini kila kukata ni uamuzi. Ujumbe kumi wa ugomvi ukiwekwa mfululizo huwa ndoa nzima.

*Inamfaa nani.* Familia iliyoacha kumbukumbu nyingi za kidijitali na yenye watu wazima waliokubaliana. Kwa kesi za vijijini ambako mtoto alipigwa picha mara moja tu, siku ya kumaliza chekechea, njia hii haipo.

Njia ya nne: jina na uso vimefichwa

Agosti 2007, mtoto wa miezi 17 alifariki Haringey, London kaskazini, mtaa ule ule ambao ulishindwa kumlinda Victoria. Mahakama ilizuia jina lake, na magazeti yakamwita Baby P. Watu watatu walitiwa hatiani mwaka 2008 kwa kusababisha au kuruhusu kifo chake. Jina lake lilikuwa Peter. Zuio la kuwataja mama na mpenzi wake liliondolewa Agosti 2009, lakini mpaka leo wengi wanaijua ile herufi kuliko jina.

*Anayesema* hapa ni taasisi: ripoti, mahakama, wataalamu. *Mtoto akiwa hai* karibu hayupo, na herufi ikageuka kuwa nembo ambayo gazeti moja liliitumia kukusanya saini zaidi ya milioni moja dhidi ya maofisa. Dokumentari ya BBC ya 2014, *Baby P: The Untold Story*, ilirudi kutazama jinsi hasira hiyo ilivyoelekezwa. Mkuu wa huduma za watoto wa Haringey alikuwa amefukuzwa kazi, na mwaka 2011 Mahakama ya Rufaa ikaamua kwamba hakutendewa haki. *Muuaji* analindwa na ufiche ule ule unaomlinda mtoto, na hilo linawaudhi wengi. *Waliobaki* ndio wanaofaidika kuliko wote, na ndiyo sababu ya njia hii kuwepo.

Kwetu si suala la hiari tu. Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya 2009 na Sheria ya Watoto ya Kenya ya 2022 zinalinda faragha ya mtoto, na sheria za taarifa binafsi, Kenya 2019 na Tanzania 2022, zinamgusa ndugu yeyote aliye hai. Mwongozo wa UNICEF wa kuripoti habari za watoto unataka jina libadilishwe na uso ufichwe kwa mtoto aliyefanyiwa ukatili wa kingono. Ukatili huo ukiwa sehemu ya kesi, usijadiliane: ficha.

Kuficha nako kuna ufundi. Ukungu wa kompyuta juu ya uso hautoshi kama sare ya shule, namba ya boda ya mjomba au bango la duka linasomeka nyuma. Sauti iliyopandishwa tu inaweza kurudishwa na mtu mwenye programu ya kawaida. Mpe mtu mwingine ayasome maneno. Usitaje kijiji na kazi ya baba na idadi ya watoto katika dakika moja, kwa sababu vitatu hivyo pamoja ni jina kamili. Na badala ya herufi, mpe jina la kubuni lililochaguliwa na familia, lenye kabila na dini isiyomwelekeza mtu. Kisha mrudishie utu kwa vitu visivyomtambulisha: alivyokuwa akiomba uji bila sukari, mchezo aliokuwa akiupenda, wimbo aliokosea maneno.

*Inamfaa nani.* Mashirika, walimu wa mafunzo, redio, na kesi yoyote yenye ndugu mdogo aliye hai.

Ridhaa: ya nani hasa?

Katika ukatili wa kifamilia, mwenye mamlaka ya kisheria juu ya kumbukumbu za mtoto anaweza kuwa ndiye aliyemuua, au mama mzazi wa muuaji. Usitosheke na saini moja. Tafuta upande wa baba na upande wa mama, na kama mmoja anakataa, andika sababu zake. Familia ikiwa imegawanyika, njia ya pili au ya nne ni salama zaidi, kwa kuwa haziegemei albamu ya mtu mmoja.

Ridhaa iombwe mara mbili: kabla ya kupiga, na baada ya kuona rasimu nyumbani kwao, siyo kwenye ukumbi. Waelezwe kwa maneno mepesi kwamba wanaweza kujiondoa mpaka siku fulani mliyoiandika. Mahojiano yasizidi saa moja na nusu, mtu wa kumsindikiza awepo, na yasifanyike siku ya kumbukizi wala karibu na siku ya kuzaliwa ya mtoto. Mpigie kesho yake asubuhi. Baadhi ya familia za Kiislamu hazipendi picha ya marehemu ioneshwe. Uliza kabla hujaifungua albamu. Na uliza jambo ambalo wageni hawalijui: je, marehemu ana somo? Kama mtoto aliyezaliwa baadaye amepewa jina lake, jina unalolitangaza ni la mtoto anayekwenda shule kesho.

Picha ya jalada ya YouTube iamuliwe na familia pia. Uso wa mtoto ukiwekwa kando ya uso wa muuaji, mishale myekundu juu yake, saa yako ya kazi nzuri imefutwa. Kipato usikitegemee: YouTube huweza kuzuia au kupunguza matangazo kwenye video za ukatili dhidi ya watoto.

Kwa hali yako

Wewe ni ndugu au rafiki, hukumu imeshatoka, na kuna watu wa kusimulia: barua. Anza kuskani leo, hata kama kamera itakuja mwakani, kwa sababu simu huibiwa na nyumba hufurika.

Wewe ni mwandishi, una hukumu, una orodha ya simu zilizopigwa na mlolongo wa maofisa: mfululizo wa uchunguzi, lakini anza na vipindi viwili, uone kama cha tatu kina habari mpya.

Familia imekupa diski yenye mamia ya video na pande zote mbili zimesaini: kumbukumbu tupu. Tumia zoezi la safu tatu kila wiki ya uhariri, siyo mwishoni.

Kuna ndugu aliye hai chini ya miaka 18, au kesi ina ukatili wa kingono, au familia imegawanyika: ficha jina, hata kama umepewa ruhusa ya kulitaja. Unaweza kuchanganya, mathalani barua inayosomwa bila jina. Redio hulifanya hili vizuri kuliko runinga.

Kesi bado iko mahakamani na una picha nzuri tu na hamu ya kuwahi wengine: usitengeneze. Weka nyaraka, andika majina ya mashahidi, rudi baada ya rufaa.

Na njia yoyote utakayoichukua, kadi ya mwisho iwe na namba 116, simu ya bure ya watoto inayofanya kazi Kenya, Tanzania na Uganda. Ibaki kwenye skrini sekunde kumi kamili na isomwe kwa sauti, maana wapo wanaosikiliza simu ikiwa mfukoni. Kwa watazamaji wa Uingereza weka 0800 1111. Zipige zote wewe mwenyewe siku moja kabla ya kupakia video.